Wayunani Wanasimama, Sisi Tunakaa Mukekani

Juma tatu, tarehe 6 mwezi wa tano 2024

Pumbavu weye, Glody! Pumbavu kabisa! Ninaliandika hapa kwa sababu kule njiani uliondoka mbio na hukusikia hata nusu yake. Mutu mwenye akili anapitisha pikipiki juu ya chakula cha watu? Mihogo ya Mama Safi ilikuwa imeanikwa kando ya njia tangu asubuhi, nyeupe, karibu kukauka. Weye unakuja na mbio ulizojifunza kule Salamabila kwa wachimba zahabu — vuu! — magurudumu mawili katikati. Vumbi, mafuta, mavi ya mbuzi, vyote ndani ya bugali ya kesho.

Na mwenye mihogo alifanya nini? Mama Safi, jirani yangu, alisema: "Ee mwanangu, polepole basi." Kwa sauti ya kuombea wagonjwa! Huyu mwanamuke anaogopa hata jogoo wake. Kweli. Jogoo akisimama mulangoni, yeye anazungukia nyuma ya nyumba.

Nilikuwa ndani ya lupango yake, uani kwake, nyuma ya uzio wa matete, ninamusaidia kutwanga. Basi mimi ndiye nilipaaza sauti, maana ilikuwa lazima mutu apaaze: "Enda! Enda tu! Breki huna, akili huna — siku moja utarudi ukibebwa!"

Hakugeuka. Lakini alisikia. Niliona shingo yake kupitia matete.

Nimefurahi. Leo nimekula vizuri.

Juma tano, tarehe 8

Octave ananiumiza kichwa. Huyu ni mujukuu wangu, mutoto wa marehemu binti yangu, mwalimu wa sekondari hapa Kasongo. Nimemulea mimi, analala kwangu, anakula kwangu, na sasa inspekteri anakuja kumusikiliza akifundisha, tarehe 20. Kila jioni anasimama mbele ya kabati na kufundisha kabati.

Somo lenyewe: ujasiri ni nini kwa Wayunani wa zamani.

Nimemuuliza Wayunani ni nani. Anasema watu wa mbali, wa kando ya bahari, zamani sana, Yesu hajazaliwa, walipenda vita na kubishana. Nimemwambia basi ni Wabangubangu, ila sisi hatuna bahari.

Anasema kulikuwa na muzee mumoja asiyevaa viatu, kazi yake kuuliza watu maswali mpaka wakasirike. Akauliza wakubwa wa jeshi: mutu jasiri ni nani? Mumoja akajibu: ni yule anayebaki mahali pake katika musitari, anamutazama adui, hakimbii.

Nimecheka mpaka kijiko kikaanguka! Mwaka wa vita nilitoka Kabambare kwa miguu mpaka hapa, sufuria kichwani, ninamuvuta mama yake Octave kwa mukono, na Octave mwenyewe ndani ya tumbo. Ningebaki kwa musitari, leo inspekteri angekuja kumusikiliza nani? Kabati?

Octave akaandika haraka haraka. Anasema muzee asiye na viatu naye alijibu hivyo hivyo: kuna watu wanaopigana huku wakikimbia. Muzee yule alikuwa na akili kidogo. Angenunua viatu.

Mimi sihitaji kufundishwa ujasiri. Askari aliyetaka kuku wangu, nilimufukuza na mwiko wa bugali mpaka sokoni, na bunduki yake mugongoni. Wote wa avenue, mutaa muzima, wanakumbuka. Wasiokumbuka, ninawakumbusha.

Juma mosi, tarehe 11

Wamemurudisha Glody. Daraja la mbao, njia ya Wamaza, pikipiki ilikataa kusimama. Muguu umevunjika pabaya. Vijana wanne walimubeba kwa kitanda cha miti, wakapita hapa mbele ya mulango wangu.

Akibebwa.

Nimeandika hilo neno na kalamu imesimama.

Breki zake zilikuwa kamba ya mupira wa baiskeli, kila mutu alijua. Breki ni breki. Nimepika sombe, majani ya mihogo.

Juma pili, tarehe 12

Baada ya misa. Mama Aurélie, mama yake Glody, alikuwa analia pale kwa ngazi za kanisa, wamama wamemuzunguka. Nikakaribia kumupa pole. Anasema mutoto ana homa, muguu umevimba kama mutungi, na kule hospitali amemuambia siri: siku chache kabla ya kuanguka, kuna sauti ya mwanamuke ilimutakia mabaya. Ilisema atarudi akibebwa. Ilitoka wapi? Kwa Mama Safi. Ndani ya lupango ya Mama Safi, nyuma ya matete, siku alipopita juu ya mihogo yake.

Wamama wote: "Hiiii!"

Mimi nikasema: "Breki zake zilikuwa mupira wa baiskeli." Nilisema kwa sauti yangu ya kawaida. Pengine ya chini kidogo. Kwaya ilikuwa bado inapiga ngoma.

Hakuna aliyesikia. Nisingerudia. Mutu anayerudia-rudia maneno anaonekana mujinga.

Juma nne, tarehe 14

Sasa wamepata la kusema hawa watu! Mama Safi ni mujane. Mama Safi ana macho mekundu. Mama Safi mutoto wake Ayoubu alienda kuchimba zahabu Salamabila na hajarudi, basi amemuuza kwa uchawi. Mama Safi anafuga jogoo muovu asiyechinjwa. Kwa nini hachinjwi? Kwa sababu anamuogopa, wapumbavu! Kila mutu anajua anamuogopa!

Macho mekundu! Washeni kuni mbichi miaka arobaini, muone macho yenu. Yangu ni mekundu kuliko yake. Na mimi pia mujane. Na mimi pia muzee. Hakuna anayenisemea mimi uchawi.

Nimewaza hapo kidogo. Halafu nikaenda kufua.

Jioni Octave na kabati yake. Leo mukubwa wa jeshi amebadilisha jibu: ujasiri ni uvumilivu wa roho. Nikasema huo ninaujua, Mama Safi anao, anavumilia kila kitu, hata kuku. Mbona hamumuite jasiri? Octave akasema ndiyo, Nyanya, na yule muzee aliuliza: je, mwenye kuvumilia jambo bila akili, naye ni jasiri? Wakaona hapana, huyo ni mupumbavu tu.

Nimependa hilo. Kunyamaza bila akili ni upumbavu. Nitamwambia Mama Safi.

Sijamwambia. Amefunga mulango wake tangu asubuhi. Ninasikia mutwangio tu.

Alhamisi, tarehe 16

Barza ya avenue, kwa chef Ramazani, mukubwa wa mutaa, kukata neno la Mama Safi.

Niliingia na kiti changu. Hicho kiti marehemu mume wangu alikileta toka Kindu kwa treni, kina mikono miwili na mugongo wa kushonwa. Ninaenda nacho matangani, kanisani, kila mahali, Octave anakibeba. Wananipisha. Wakiona kiti wanajua ninafika. Tena magoti yangu hayapendi chini. Nikikaa chini siinuki mpaka nivutwe kama gari iliyozama.

Pa avenue yetu, mutu anayesemewa kosa anakaa chini, kwa mukeka, peke yake, katikati. Nusu ya mukeka inaachwa wazi. Mwenye kuamini kwamba hana kosa anatoka kwa benchi, anakuja kukaa ile nusu. Haombwi kusema. Akishakaa, neno la yule ni neno lake: wakisamehewa ni wawili, wakifukuzwa ni wawili. Zamani mukeka ulikuwa unajaa. Siku hizi watu wanapenda mabenchi.

Mama Safi alikaa na miguu pamoja, kilemba kimefungwa vizuri, mikono chini ya kitenge. 

Chef akamuuliza: "Maneno haya, atarudi akibebwa, yalitoka kwako?"

Mama Safi akasema: "Yalitoka kwangu, chef."

Hiiii, watu! Mama Aurélie akapiga kelele. Mimi — nitaandika kama ilivyokuwa. Mimi nilimutazama Mama Safi. Yeye hakunitazama. Hakusema "niliyatamka". Alisema yalitoka kwake. Lupango ni yake, kweli yalitoka pale. Huyu mwanamuke wa polepole hakudanganya hata kidogo!

Chef akauliza kama kuna wa kukaa naye. Macho yake yakapita benchi kwa benchi, mutu kwa mutu. Alipofika kwa kiti changu, yakaruka. Watu wote wakaanza kuchunguza vidole vya miguu yao. Octave pia, mwalimu wa ujasiri, alikuwa anachunguza kidole alichozaliwa nacho.

Wakakata shauri: Alhamisi ijayo ndugu zake waje toka Nyangwe kumuchukua. Asirudi. Nyumba ifungwe. Mpaka aondoke, nusu ya mukeka inabaki wazi.

Mimi nilikuwa na mafua. Koo ilikuwa imefunga. Kila mutu anajua mavumbi ya mwezi huu.

Ijumaa, tarehe 17

Mafua yamepona.

Nimemutuma Octave apeleke bakuli ya sombe kwa Mama Safi. Bakuli imerudi, imeoshwa, na unga wa mihogo ndani, maana hapa kwetu haturudishi chombo kitupu. Unga wa mihogo ile ile. Ameupepeta mara ngapi? Hakuna hata punje ya muchanga.

Sijaupika. Uko pale, juu ya kabati, unaniangalia.

Juma pili, tarehe 19, Pentekoste

Padri amehubiri kwamba wanafunzi wa Yesu walikuwa wamejifungia chumbani, mulango na komeo, kwa woga. Halafu ndimi za moto, wakatoka, wakasema mbele ya watu wote. Kwa nini alikuwa anatazama upande wetu? Hana hata mwaka hapa, anajua nini?

Nimesali rozari nzima kwa ajili ya Glody. Homa inashuka, wanasema. Muguu hautakatwa. Namushukuru Mungu. Lakini Mama Aurélie anasema homa imeshuka kwa sababu muchawi amekwisha kuhukumiwa. Mungu hapati hata asante!

Octave amefika mwisho wa somo. Anasema alikuja mwingine baadaye, musomi mukubwa, akasema ujasiri uko katikati: upande huu woga, upande ule kujirusha ovyo. Jasiri si asiyeogopa. Jasiri anaogopa kinachofaa kuogopwa, kwa kiasi chake, na bado anafanya linalopasa.

Nikasema: "Basi mimi niko katikati kabisa. Ninaogopa kinachofaa."

Octave akaacha kabati, akanigeukia. "Unaogopa nini, Nyanya?"

"Ninaogopa utafukuzwa kazi na bado utakula kwangu! Endelea!"

Hakuendelea. Aliniangalia kama vile yule wa bila viatu alivyokuwa anaangalia watu, nadhani. Ningemupiga na ndala.

Juma tatu, tarehe 20

Nilienda kusikiliza somo. Nilisimama nje kwa dirisha, madarasa yale hayana vioo. Nilivaa kitenge cha Noeli.

Jasho lilikuwa linamushuka Octave mpaka kwenye chaki. Lakini alianza vizuri: musitari, uvumilivu, kujua cha kuogopa, katikati. Inspekteri anaandika. Wanafunzi wanaandika. Mimi ninaitika kwa kichwa pale dirishani kama mutu aliyetunga yeye.

Halafu kamusichana kamoja mbele, kafupi, kanaitwa Darlène, kakainua kidole: "Mwalimu, Alhamisi pa barza kulikuwa watu wengi. Nani alikuwa jasiri?"

Octave akafuta ubao uliokuwa hauna kitu. Akasema: "Hata wale wazee hawakupata jibu siku ile. Waliagana, kila mumoja akaenda nyumbani."

Inspekteri akaandika. Octave ameniambia aliandika nini: somo nzuri, linakosa mwisho.

Nyumbani hakula. Nikamwambia kula, umefaulu. Akasukuma sahani, akasema: "Nyanya, ile sauti ni yako."

"Sauti gani?"

"Utarudi ukibebwa. Nimeisikia maisha yangu yote. Nikipanda muembe: utarudi ukibebwa. Nikienda mutoni: utarudi ukibebwa. Hakuna mwingine Kasongo nzima anayesema vile."

Nikamuambia anyamaze. Hakunyamaza. Ni mara ya kwanza! Akasema si yeye tu. Chef Ramazani anajua. Wamama wa kwaya wanajua. Hata Mama Aurélie, moyoni, anajua. Jirani wote wanajua hiyo sauti kuliko kengele ya kanisa.

"Na kwa nini hawasemi?"

"Wanakuogopa, Nyanya. Kumusemea Mama Safi ni rahisi. Kukusemea weye, nani ataanza?"

Nikapiga meza. Nikamuita pumbavu. Akasema ndiyo, Nyanya, na mimi pia niliangalia kidole. Halafu akachukua sahani yake akaiosha mwenyewe, ambayo haijatokea tangu abatizwe.

Mimi nilifikiri wananipisha kwa heshima ya kile kiti.

Juma nne, tarehe 21

Nimeenda kwake. Nilipitia nyuma, jogoo alikuwa mulangoni.

Alikuwa anakunja vitu. Kitenge juu ya kitenge, sufuria ndani ya sufuria. Hana vingi. Hakushangaa kuniona, akanipa kinu nikae juu yake.

Nikaanza kwa kumugombeza, ndiyo njia ninayoijua. "Kwa nini hukusema ni mimi?"

"Waliuliza yalitoka wapi. Yalitoka kwangu."

"Usinifanyie mimi barza, Mama Safi! Mimi si chef! Kwa nini hukunitaja?"

Akafunga fundo, akalikaza na meno. Akasema: "Nilifikiri utasema mwenyewe. Nilikuachia nafasi. Nilisema moyoni, huyu haogopi mutu, ngoja amalize kukohoa."

Hakusema kwa kunicheka. Angenicheka ningepata la kumujibu! Alisema kama mutu anayeeleza kwa nini aliweka sufuria upande huu na si upande ule.

Nikamuuliza: na weye, hukuogopa?

"Mimi?" Akanitazama na yale macho mekundu. "Mama Émérance, tumbo inanikata tangu siku ile. Silali. Ninaogopa kule Nyangwe, wake za ndugu zangu hawanipendi. Ninaogopa Ayoubu akirudi toka Salamabila atakuta kufuli. Nani amekuambia siogopi? Ninaogopa kila kitu. Nimezoea."

Halafu akaniomba nimutunzie jogoo. "Umupe maji asubuhi. Ila usimugeuzie mugongo, anapiga kwa nyuma."

Nikasema sawa. Nilienda kwa ajili ya nini? Nimerudi na jogoo wa kuahidiwa.

Juma tano, tarehe 22

Ninaandika ninachoogopa, tuone kama kinafaa.

Siogopi kufa. Nimeshaona watu wakifa, wanafanya hivyo hata wasio na akili. Ninaogopa watoto wa njia. Wale ninaowagombeza kila siku, wanaita "Nyanya shikamoo" na kukimbia. Kesho wataita neno jingine, na watakuwa wananifuata, hawakimbii. Ninaogopa Mama Aurélie kukataa kugusa mukono wangu kwa salamu ya amani. Kule Kabambare nyumba ya baba iliungua, ndugu zangu wamelala kaburini; wakinifukuza, wananirudisha wapi? Kwa majani? Ninaogopa Octave kuitwa mujukuu wa muchawi na kupoteza darasa lake. Na kiti — ndiyo, kiti pia, ni aibu kuandika lakini ninawaza nani atakikalia.

Haya. Ninajua vizuri nini cha kuogopa, kila kimoja na jina lake. Wale Wayunani wanasema kujua hivyo ndiko ujasiri. Waongo! Nimejua wiki nzima na bado niko juu ya kiti.

Mukubwa wao anasema simama kwa musitari. Kusimama ni rahisi! Aliyesimama anaweza kuondoka. Kama wangekuwa na magoti yangu wangejua: kukaa chini ndiyo kazi.

Mchana, Octave akiwa shuleni, nilifunga mulango nikajaribu kukaa chini. Kushuka nilishuka. Kuinuka — hakuna. Nilishika kitanda, kikasogea. Nilishika kabati, ule unga ukanimwagikia kichwani. Octave amerudi amenikuta sakafuni, mweupe kama mutu wa kuzimu.

"Nyanya! Unafanya nini chini?"

"Ninatafuta shindano ya kushonea."

Akaniinua. Akatafuta shindano kwa muda mrefu, kwa heshima. Halafu akasema: "Kesho shindano itakuwa wapi, Nyanya?"

Nimechota unga wote sakafuni, nimeupepeta, nimeupika. Tumeula. Ni muzuri.

Alhamisi, tarehe 23, pa barza

Ninaandika hapa hapa, daftari juu ya goti. Chef Ramazani ameingia nyumbani kutafuta kofia yake. Alikuwa nayo kichwani! Lakini aliponiona ninashuka, alikumbuka kwamba hana kofia.

Niko mukekani.

Ilikuwa hivi. Octave alileta kiti, akakiweka mahali pake, mbele. Ndugu wawili wa Mama Safi wamefika toka Nyangwe na baiskeli, wamekwisha kufunga vitu vyake nyuma, wanasimama na uso wa watu walioitwa kuchukua muzigo usio wao. Glody yuko, ameletwa na mama yake na binamu, muguu mweupe wa plasta umenyooka hewani, anatafuta pa kuuweka. Mama Safi yuko mahali pake, katikati, nusu ya mukeka wazi. Watu wanajaza mabenchi.

Nikakitazama kiti. Nikapita.

Walifikiri ninaenda kumugombeza mutu. Walinipisha! Mpaka mukekani walinipisha. Halafu nikaanza kushuka, goti hili, goti lile, mukono kwa bega la Mama Safi. Nilianguka mwishoni, nitasema kweli. Tako lilipiga chini, puu! Hakuna aliyecheka. Hilo ndilo limenitisha.

Mama Safi alisogea kunipa nafasi. Bila kunitazama akauliza polepole: "Umemupa jogoo maji?"

Nikasema nimemupa, amenipiga kwa nyuma.

Akasema: "Nilikuambia."

Sasa wananiangalia ninavyoandika. Wanafikiri ninaandika majina yao. Waache waogope kidogo, nao wajifunze kwa kiasi chake. Mama Aurélie ameshika mudomo. Kale kasichana Darlène kamesimama nyuma ya uzio, kananyoosha shingo. Kanataka jibu lake.

Lakini kukaa bado si kusema. Nikinyamaza hapa nitakuwa nimemuamini Mama Safi tu, jirani mwema, basi, na watatufukuza pamoja kwa neno ambalo ni langu peke yangu. Neno lenyewe liko hapa kooni. Koo imefunga kweli safari hii, bila mafua. Tumbo inanikata. Nimemuuliza Mama Safi kama ndivyo inavyokata. Anasema: "Upande wa kushoto?" Nikasema ndiyo. Anasema ndivyo.

Mulango wa chef unafunguka. Kofia amepata.

Octave! Acha hicho kidole chako, njoo. Chukua kiti changu, mupelekee Glody aweke muguu juu. Ndiyo, kile, hakuna kingine. Halafu urudi ukae hapa, upande huu, mukeka ungali na nafasi. Na mutu yeyote asinishike mukono — nitainuliwa nikishamaliza kusema.